Dalali Hakupata Kitu Kwangu

Dalali wa korti alikaa nyumbani kwangu Wamagana muda mfupi kuliko mtu aliyeingia kuomba maji ya kunywa. Alikuwa Mwislamu wa Majengo, huko mjini Nyeri, mzee mwembamba mwenye kofia ya kitambaa na koti la mvua lililomfika magotini. Alikuja na pikapu, wapagazi wawili na askari kanga mmoja wa chifu. Mimi nilikuwa katikati ya kahawa nikichuma, kikapu kimefungwa kiunoni, na watoto walikuwa shuleni.

Alinionyesha hati, akanieleza kwa upole kwamba mwenye duka la magurudumu na vipuri mjini alikuwa amemshtaki mume wangu, akashinda kesi, akangoja pesa mpaka akachoka. Sasa korti ilikuwa imetoa amri mali ya mume wangu ichukuliwe na kupigwa mnada. Lori lilikuwa limekwisha kukamatwa sokoni Karatina likiwa na viazi juu, na bei yake haingetosha. Ile kesi sikuijua. Habari ya deni niliijua kidogo tu, kama mwanamke anavyojua mambo ya mumewe kwa kuyasikia yakisemwa kwa watu wengine.

"Ingieni," nikawaambia. "Hakuna mlango umefungwa."

Wakaingia. Vitanda hawakuvigusa, wala mablanketi, wala sufuria, kwa sababu dalali alisema sheria inamwachia mtu mahali pa kulala na chombo cha kupikia. Walitazama vigoda, taa ya koroboi na sanduku langu la bati. Mpagazi mmoja akaishika meza, nayo ikayumba kama ng'ombe mgonjwa.

"Tubebe hii?" akauliza.

Dalali aliitikisa mara moja kwa kidole. "Wacha. Hiyo itakula petroli kushinda bei yake." Kisha akanigeukia, na nafikiri alitaka kunifariji. "Mama, shukuru Mungu. Hapa hakuna kitu. Twende tu ile nyumba ingine."

"Nyumba gani?" nikauliza, na nilijua.

"Ya Endarasha. Tumeambiwa vitu viko huko."

Nimeona wanawake wa kijiji chetu wakilia dalali alipobeba vitu vyao. Mmoja alilala chini mbele ya gari na ikabidi anyanyuliwe na majirani. Siku ile niliwaonea wivu wote. Ningetaka kulia nikishikilia kiti ambacho mtu anakitamani. Mimi nilisimama mlangoni nikiwa nimeachiwa kila kitu, na askari kanga akaniaga kwa huruma.

"Nitaenda na nyinyi," nikamwambia dalali.

Alinitazama, akatazama kikapu changu. "Wewe na yule mama mwingine mnasikizana?"

"Sijawahi kufika kwake."

"Sheria haikatazi mtu kupanda gari," akasema. "Lakini usinifanyie vita huko. Mimi niko kazini."

"Sina vita."

Nilifungua kikapu kiunoni, nikajifunga leso safi kichwani na kujifunika nyingine mabegani, nikapanda.

Mume wangu alinioa wakati watu walikuwa wakitoka katika vijiji vya Emajensi, tulikofungiwa na serikali ya Wazungu, na kurudi kujenga kila mtu kwenye shamba lake. Alikuwa utingo wa lori la mtu mwingine. Tulijenga nyumba ya udongo, mimi nikikanda kwa miguu na yeye akibeba maji, na tulipoezeka bati alinizungusha nyumba nzima ili nione inavyong'aa kutoka kila upande. Baada ya uhuru akawa dereva, kisha akanunua lori lake, kisha akapata shamba Endarasha katika yale mashamba ya Wazungu yaliyokuwa yakigawiwa. Akasema mimi nibaki Wamagana nitunze kahawa na mama yake, na kule atatafuta mtu wa kulinda. Mtu aliyemtafuta alikuwa msichana wa huko huko, upande wa Kieni, na mlinzi huyo akaanza kuzaa.

Kwa Kikuyu, neno la mke mwenza na neno la wivu ni ndugu, yametoka shina moja. Hakuna mtu aliyehitaji kunifundisha. Nilimkubali mbele ya wazee kwa sababu mama mkwe aliniomba, na nikaapa moyoni kwamba sitamwona. Mume wangu alikuja kwangu na kwenda. Alipokuja alilalamika: viazi vimeoza, petroli imepanda, kule nako ni taabu tupu, baridi inaingia mpaka kwenye mifupa. Mimi nilimhurumia, na nikapika.

Pikapu lilipita Nyeri, likapita Mweiga, likaanza kukata vumbi la Kieni. Milima ya Nyandarua ilikuwa imefunikwa na ukungu, na upepo ulikuwa wa kupasua midomo. Njia nzima nilijiambia kwamba nitakuta taabu ile niliyosimuliwa. Ningekuta taabu, ningerudi nyumbani nimepona.

Nyumba ilikuwa ya mbao, madirisha yake yamepakwa rangi ya buluu, na mfereji wa bati ulikuwa ukiingiza maji ya mvua kwenye tangi. Tangi. Mimi nilikuwa nikiteka maji bondeni kwa mgongo. Mwanamke alitoka na kisu cha kumenyea viazi mkononi. Alikuwa mdogo kuliko nilivyomfikiria, na hakuwa mzuri kama nilivyomfikiria, jambo ambalo halikunisaidia hata kidogo. Aliwatazama wanaume, akanitazama mimi niliyekuwa nikishuka kutoka mbele, na akanijua. Hatukuwa tumewahi kuonana, lakini alinijua.

"Umewaleta," akasema kwa Kikuyu.

"Wao ndio wamenileta."

Dalali akasoma hati yake tena. Yule mwanamke alisikiliza mpaka mwisho, akafuta kisu kwenye aproni, akasogea kando ya mlango.

Basi vitu vikaanza kutoka. Vilitoka viti vya sofa vya rangi nyekundu, kila kimoja na kitambaa chake cheupe kilichofumwa mgongoni. Likatoka kabati la vioo na vikombe vyake ndani. Ikatoka redio kubwa ya betri, saa ya ukutani, taa ya presha, na meza fupi iliyong'aa ambayo sikujua hata kazi yake. Vilipangwa kwenye nyasi, juani, na kila kilipowekwa nilikuwa nikikumbuka mahali nilipokuwa mimi wakati kiliponunuliwa. Saa ile, labda ni mwaka tulipokosa karo. Redio ile, labda ni wakati aliponiambia nisubiri kidogo habari ya paa. Wapagazi walibeba na kuja, na dalali akaandika, na mimi nikavisoma vitu vile kama mtu anayesoma habari zake mwenyewe zilizoandikwa na adui.

Niliingia ndani bila kukaribishwa. Ukutani walikuwa wameacha picha moja, maana haikuwa na bei. Ilikuwa imepigwa studio mjini Nyeri: yeye amesimama na suti, mwanamke ameketi, mkono wa mume wangu uko begani kwake. Mume wangu alikuwa amenieleza kwamba yeye hapendi picha. Tangu arusi yetu sikuwa na picha yake hata moja zaidi ya ile ya kipande chake, kitambulisho cha zamani.

Hapo ndipo mpagazi aliita kutoka chumba cha pili. "Mzee, na hii cherehani?"

Tulienda wote. Kilikuwa cherehani cha miguu, kimewekwa karibu na dirisha penye mwanga.

"Hiyo ni ya kazi," mwanamke akasema haraka. "Mimi ni fundi. Ninashonea watu."

"Kila mwanamke ako na cherehani atasema yeye ni fundi," mpagazi akasema.

Dalali aliinua mkono kumnyamazisha. "Chombo cha kazi cha fundi sichukui. Lakini lazima nijue ni kazi kweli, si pambo la nyumba." Akatazama huku na huku, kisha macho yake yakanifika. "Mama, wewe huna sababu ya kumfunika huyu. Niambie. Ni fundi?"

Wote walinigeukia. Nilitaka cherehani kile kitoke. Nilitaka kukiona kwenye nyasi pamoja na vile vingine, miguu juu. Nilifungua mdomo kusema sijui, na hilo lingetosha, na hata lingekuwa kweli, maana ningejuaje.

Lakini chini ya sindano palikuwa na kitambaa, na kitambaa kile kilikuwa kijani, kijani cha majani ya chai. Watoto tuliowaona njiani wakitoka shule ya Endarasha walikuwa wamevaa kahawia. Kijani ilikuwa sare ya shule ya binti zangu. Nililiinua lile gauni. Lilikuwa limekamilika upande mmoja, kimo cha kitinda mimba wangu, na mfuko wake ulikuwa umepigwa nyuzi mara mbili kwenye pembe. Nilizijua pembe zile. Kila mara sare zilipoletwa nilikuwa nikizisifu, kwa sababu mtoto alikuwa akilichakaza gauni lote na mfuko unabaki mzima. Mume wangu alikuwa akizileta zimefungwa kwenye gazeti, akisema amezinunua mjini, na mimi nilikuwa nikiwaambia watoto wamshukuru baba yao.

Sitasema moyo wangu ulilainika. Uliwaka. Katika nyumba yangu palikuwa na kitu kimoja tu nilichoamini kimetoka mkononi mwake kikaja kwetu moja kwa moja, na sasa hicho nacho kilikuwa kimepitia hapa, chini ya dirisha hili, chini ya vidole vya huyu. Hata hivyo nilikuwa nimeshika gauni la mtoto wangu. Mtu hawezi kushika kitu kama kile akasema hajui.

"Ni fundi," nikasema.

"Anashonea watu wa nje?"

"Anashonea watu. Anashonea watoto wangu."

"Basi ibaki," dalali akasema, na akaufuta mstari kwenye karatasi.

Mwanamke hakunishukuru. Alienda jikoni, akawasha moto, akachemsha chai kwenye sufuria, na kwa kuwa vikombe vilikuwa nje ndani ya kabati vikingoja kupakiwa, alinipa yangu kwenye mkebe wa bati. Tulikunywa tumesimama.

"Kunywa kabla haijapoa," akasema. "Huku kunapoza haraka." Halafu, bila kunitazama: "Yeye alikuambia nani anashona?"

"Aliniambia ananunua mjini."

Sasa akanitazama. "Mimi aliniambia wewe ndiye umeniomba. Ati umesema nyuzi zangu ni nzuri."

"Sijawahi kukuomba kitu."

"Sasa najua," akasema, na uso wake ukafunga kama mlango. Nilielewa kwamba maneno yale ya uongo alikuwa ameyapenda. Alikuwa ameshona miaka yote akifikiri kuna mwanamke Wamagana anayesifu kazi yake. Kweli nilikuwa nikiisifu, ila sifa zilienda kwa mtu mwingine.

Wakati wa kurudi, askari kanga alikuwa ameanza kutetemeka kwa baridi, akakaa mbele mahali pangu. Mimi nikapanda nyuma na vitu. Hapakuwa na pa kukaa ila kwenye kiti cha sofa. Nilijaribu kusimama, barabara ikanikatalia, nikaketi. Ndivyo nilivyotoka Endarasha mpaka Nyeri, nimefunikwa turubai hadi mabegani, nimeketi kwenye kiti cha mume wangu kwa mara ya kwanza na ya mwisho. Kilikuwa laini. Nilikasirika njia nzima kwa jinsi kilivyokuwa laini. Watu wa Mweiga waliniona nikipita na nafikiri walidhani ni mimi niliyekuwa nikihama na mali yangu.

Mume wangu hakuwepo siku hiyo kwa sababu alikuwa ameenda kwa nduguye Kangari kutafuta wa kumwokoa. Alirudi mikono mitupu, na siku ya mnada hakuja. Aliona haya. Sisi wanawake wake wawili tulikuja, kila mmoja kwa njia yake, tukasimama mbali mbali uani nyuma ya maduka, ambapo vitu vya watu mbalimbali vilikuwa vimepangwa kama vya familia moja kubwa iliyokufa. Dalali alipiga kengele kwanza barabarani, akaingia akiita, na sauti yake haikuwa ile ya upole aliyonisemesha nayo. Ilikuwa sauti ya sokoni.

Lori lilikwenda kwa mtu wa Karatina. Redio ikaenda, saa ikaenda. Kisha akaja mwanamke mmoja, nafikiri mke wa mwalimu, na mkoba mkubwa mkononi. Alivizunguka viti vya sofa, akavibonyeza kwa kiganja, akakaa juu ya kimoja, akajirusha rusha kidogo kama mtoto kwenye kitanda. Hakutoa vile vitambaa vyeupe. Aliviweka sawa, kana kwamba ndiye aliyevifuma. Alipoanza kutoa bei, nilihisi wivu ukinipanda, ule ule wa siku zote, lakini safari hii haukuwa wa mwanamke wa Endarasha. Niligeuka kumtafuta, nikamkuta amesogea mpaka karibu nami, macho yake yako hapo hapo yangu yalipokuwa.

"Atavimwagia chai," akasema.

"Atavimwagia. Na watoto wake watapanda na viatu."

"Vile vitambaa nilifuma nikiwa na mimba."

Nyundo iligonga, na viti vikawa vya mwalimu. Tulikaa pale tukimchukia yule mama kwa pamoja mpaka alipopata mkokoteni, na hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza mimi na mke mwenzangu kufanya kitu pamoja.

Baada ya mnada mume wangu alikuja Wamagana, akakaa. Majuma yakapita naye yuko. Alikuwa akiketi kigodani, magoti yamemfikia kidevuni, na mimi nikifurahi kumwona hivyo asubuhi na jioni. Nilifikiri sasa kwa kuwa kule hakuna viti, ameona kwamba nyumba ni nyumba. Lakini alikuwa akitazama barabara. Habari zilifika kwamba cherehani cha Endarasha hakilali, kwamba shule ya huko imempa yule mwanamke kazi ya sare, na kwamba mabibi wanapanga mstari kabla ya Krismasi. Siku moja alisema anakwenda kuangalia viazi. Akakaa huko. Alipata kazi ya kuendesha lori la mtu mwingine, akawa analala karibu na mahali chakula kilipokuwa. Nilipika jioni hiyo nikijua kwamba mimi mwenyewe, kwa mdomo wangu, ndiye niliyemwachia mke mwenzangu kile cherehani.

Sare za watoto ziliendelea kuja, sasa bila gazeti na bila uongo. Alizituma kwa mtu wa basi, na mimi nikaamua kulipa. Nilimtumia ndizi na maharagwe kwenye gunia. Alirudisha gunia tupu limeoshwa, na ndani yake blauzi ya mwanamke mzima. Nilivaa mbele ya kioo cha kifuniko cha sanduku langu nikitafuta kosa. Mabega yalikaa, kifua kilikaa, mikono ilifika mahali pake. Hakuwa amenipima. Alikuwa ameniona kwa siku mbili tu, siku ya kuchukuliwa vitu na siku ya mnada, na mara zote nilikuwa nimejifunika. Basi ni nani aliyempa vipimo vyangu? Nilimwona mume wangu katika nyumba ile ya mbao akionyesha kwa mikono yake: yeye yuko hivi, hapa ni hivi. Niliona wivu. Halafu, nikiwa bado mbele ya kioo, nikafikiri kwamba alikuwa amekumbuka vizuri, na kwamba aliniongelea huko, mbele ya ile picha. Sikuivua mpaka giza lilipoingia.

Mke mwenzangu alikuja Wamagana mwenyewe baada ya mazishi ya mama mkwe. Siku ya mazishi palikuwa na watu wengi mno, hatukusema neno. Alirudi majuma kadhaa baadaye, peke yake, amebeba kabichi. Nilimpa kigoda. Aliitazama nyumba yangu ya udongo, na nilikuwa tayari. Nilikuwa nimejitayarisha kwa macho yale kwa miaka. Lakini macho yake hayakukaa ndani. Yalitoka nje, yakaenda kwenye kahawa, yakaenda kwenye kaburi jipya na maua yaliyokauka juu yake, yakakaa hapo.

"Kahawa yako imezaa," akasema.

"Imejitahidi."

"Yeye amesema atazikwa hapa, karibu na mama yake."

"Hapa ndipo kwao," nikasema.

"Nimemwambia Endarasha kuna nafasi. Akacheka. Alisema Endarasha ni mahali pa kazi." Alikuwa akikunja pindo la leso yake na kulikunjua. "Mimi nimemzalia huko, nimelima huko. Na anaita mahali pa kazi."

Niliijua ile sauti. Nilikuwa nimeishi nayo kifuani mwangu tangu aliponiambia anatafuta mtu wa kulinda shamba, ila sikuwa nimewahi kuisikia ikitoka kwa mtu mwingine. Watu wangependa niseme kwamba nilimhurumia, na labda nilimhurumia kesho yake au mwaka uliofuata. Wakati ule nilifurahi. Nilifurahi hata ikabidi niinuke nikatafute kuni ili asione uso wangu.

Alilala kwangu usiku huo, na asubuhi akanisaidia kuchuma. Hakujua kazi ile. Alikuwa akichanganya mbichi na mbivu, na mimi nikawa naziokota zile za kijani kikapuni mwake moja moja, nikizitupa chini, nikimwonyesha.

"Hii bado," nikamwambia. "Na hii bado. Chuma ile nyekundu tu."

"Nimeona," akasema, na akachuma nyingine mbichi.